Sasa, Zamani na Mtondogoo: Uhakiki wa Nadharia ya Wakati ya John Mbiti kutoka Ufukwe wa Uvira

0. Utangulizi

Zaidi ya nusu karne imepita tangu John S. Mbiti achapishe African Religions and Philosophy (1969), na sura yake inayohusu wakati bado inasomwa, inanukuliwa na kufundishwa kana kwamba imethibitishwa. Dai lake linafahamika. Kwa Mwafrika wa jadi, asema Mbiti, wakati una pande mbili tu: wakati uliopita, ambao ni mrefu sana, na wakati uliopo. Wakati ujao karibu haupo, kwa kuwa mambo yake hayajatukia, na jambo lisilotukia haliwezi kuwa sehemu ya wakati. Kuziita pande hizo mbili, Mbiti aliazima maneno mawili ya Kiswahili, akayaandika kwa herufi kubwa: Sasa na Zamani.

Makala haya yanaichunguza nadharia hiyo kwa upande wa lugha, na yanafanya hivyo kutoka mahali mahususi, yaani mji wa Uvira na ufukwe wa kaskazini wa Ziwa Tanganyika, mashariki mwa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Mahali hapa pamechaguliwa kwa sababu mbili. Kwanza, ni mahali ambapo Kiswahili, Kirundi, Kilingala, Kifaransa, Kifuliiru, Kivira na Kibembe hukutana katika soko moja, na kila lugha imekuja na hesabu yake ya siku au saa. Pili, wakazi wake ni miongoni mwa watu ambao nadharia ya Mbiti huwaelemea zaidi. Mradi ukishindwa kijijini, mkopo usipolipwa, au nyumba ikijengwa karibu mno na maji, maelezo huwa tayari: watu hawa hawana dhana ya kesho. Anayesema hivyo mara nyingi hajamsoma Mbiti, lakini anaitumia hoja ya Mbiti. Kwa hiyo ni wajibu wa wanaisimu kuuliza kama hoja hiyo inasimama.

1. Dai lilivyo

Haki inataka dai lielezwe vizuri kabla ya kupingwa. Mbiti, aliyezaliwa Ukambani nchini Kenya mwaka 1931 na kufariki mwaka 2019, hakuwa na nia ya kuwadharau Waafrika. Kinyume chake, alikuwa akiwajibu wale waliosema kwamba Mwafrika hana dini wala falsafa. Swali lililomfikisha kwenye suala la wakati lilikuwa la kitheolojia: Wakamba waliyapokeaje mahubiri ya wamisionari kuhusu mwisho wa dunia? Alitaka kueleza kwa nini mafundisho hayo yaliwachanganya watu, na jibu alilitafuta katika njeo za vitenzi vya Kikamba na Kigikuyu. Akaona kwamba njeo za wakati ujao katika lugha hizo zinahusu kipindi cha miezi sita hivi, au kwa vyovyote kisichozidi miaka miwili. Kutoka hapo akahitimisha kwamba upeo wa fikra nao unaishia hapo.

Aidha, Mbiti alijiwekea mlango wa kutokea. Alikiri kwamba mambo yaliyo katika mwendo wa maumbile, kama vile mvua kurudi au mtoto aliye tumboni kuzaliwa, hutarajiwa kwa uhakika. Haya hakuyaita wakati halisi; aliyaita wakati unaoweza kuwako. Mlango huu ni muhimu, na makala yataurudia, kwa sababu mtetezi wa Mbiti akibanwa hukimbilia hapo.

Basi hoja yote ina nguzo tatu: maneno mawili ya Kiswahili, njeo za vitenzi, na upeo wa miaka miwili. Nguzo ya kwanza ndiyo dhaifu kuliko zote.

2. Maneno mawili ya kuazima

Ni jambo la kushangaza kwamba nadharia inayodai kueleza fikra asilia ya Kiafrika imejengwa juu ya maneno mawili yenye asili ya Kiarabu. Zamani inatokana na zamān, ambayo katika Kiarabu ina maana ya wakati kwa jumla, si wakati uliopita peke yake. Ni Waswahili waliolipunguza neno hilo likawa na maana ya wakati wa nyuma. Kuhusu sasa, wataalamu wa maneno ya mkopo hulihusisha na as-sāʿa, yaani "saa hii". Kama ndivyo, Sasa ya Mbiti na saa ya ukutani ni ndugu wa tumbo moja, na neno lililotumiwa kuonyesha wakati usiopimwa kwa saa ni neno la saa lenyewe.

Mtu anaweza kujibu kwamba asili ya neno si maana yake ya leo, na jibu hilo ni sahihi. Msemaji wa Uvira anaposema "sasa" hafikirii Uarabuni. Lakini jibu hilohilo linaidhuru nadharia. Ikiwa maneno hayabebi falsafa ya asili yake, basi kuchagua maneno ya Kiswahili kueleza fikra ya Wakamba hakuna faida yoyote ya kifalsafa. Ni lebo tu, na lebo nyingine ingefaa vilevile. Tena Kiswahili kina neno la Kibantu la wakati wa mbali uliopita, nalo ni kale. Mbiti hakulichagua. Wala Waswahili wenyewe, wenye maneno hayo, hawakuulizwa. Lau wangeulizwa, wangetaja mwaka wao wa siku 365 uliohesabiwa kwa miongo, yaani makumi ya siku, kuanzia Nairuzi, hesabu iliyowawezesha manahodha na wakulima wa pwani kujua mapema siku ya upepo na siku ya kupanda. Huko Makunduchi, Unguja, mwaka huo bado hufunguliwa kwa sherehe ya Mwaka Kogwa. Jamii isiyojali wakati ujao haina haja ya kalenda ya namna hiyo.

3. Njeo si upeo wa fikra

Nguzo ya pili ni njeo. Hapa kosa ni la mbinu, na linaonekana mara tu mbinu hiyo inapotumiwa kwa Kiswahili. Tukichukua majina ya siku kwa kuhesabu kutoka leo kwenda nyuma, Kiswahili sanifu kina jana na juzi. Tukihesabu kwenda mbele, kina kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo. Nyuma siku mbili, mbele siku nne. Anayefuata mbinu ya Mbiti kwa uaminifu angepaswa kuandika kwamba Mswahili ana wakati ujao mrefu mara mbili kuliko wakati uliopita, na kwamba historia humchosha. Hakuna aliyethubutu kuandika hivyo, na ni vema. Mtondo na mtondogoo hayasikiki sana Uvira, na hata kwingine yamebaki zaidi katika kamusi na vinywani mwa wazee. Lakini kutoweka kwa neno mtondogoo hakujamzuia mtu yeyote kupanga safari ya siku ya nne.

Mfano wa ufukweni ni mgumu zaidi, na kwa hiyo una faida zaidi. Katika Kirundi, lugha inayosikika kila siku kati ya Uvira na Bujumbura, neno ejo lina maana ya jana na pia kesho. "Naje ejo" ni "nilikuja jana". "Nzoza ejo" ni "nitakuja kesho". Kilingala, kilichoenezwa na jeshi na muziki hadi pwani hii ya ziwa, kina hali hiyohiyo katika neno lobi: "nayaki lobi" ni jana, "nakoya lobi" ni kesho. Mgeni anayepita haraka angeweza kusema kwamba hapa jana na kesho hazitofautishwi, na angepata nadharia nzuri zaidi kuliko ya Mbiti. Lakini kitenzi ndicho kinachotofautisha, wala hakikosei. Neno ejo hutaja umbali wa siku moja kutoka leo. Upande wa umbali huo hutajwa na kitenzi. Ni mgawanyo wa kazi baina ya kielezi na kiambishi, si upungufu wa akili. Tena kiambishi cha Kirundi cha wakati ujao, -zo-, hakina mpaka wa miezi sita wala wa miaka miwili: hutumika kwa kesho, kwa mwaka wa kumi, na kwa siku ya kiyama.

Ndivyo ilivyo kwa -ta- ya Kiswahili. Wanaisimu wengi huihusisha na kitenzi kutaka. Ikiwa ni hivyo, basi wakati ujao wa Kiswahili ulizaliwa kutokana na nia ya mtu, na nia haina kipimo cha miezi.

Hata hivyo, ushahidi mzito zaidi haumo katika -ta- bali katika kikanushi ambacho vitabu vya sarufi hukipitia upesi, yaani -ja-. Mwanamke anayengoja ndagala ufukweni asubuhi akiambiwa "hazikufika", atakunja kitambaa chake na kurudi nyumbani: siku hiyo imekwisha. Akiambiwa "hazijafika", ataketi. Kauli zote mbili zinakanusha jambo lilelile, na hali ya ufukwe ni ileile, kwa maana samaki hawapo. Tofauti ni kwamba -ja- inakanusha huku ikingoja. Imebeba ndani yake tendo ambalo halijatukia na ambalo msemaji analihesabu kuwa linakuja. Katika Kiswahili cha Kongo, ambacho maumbo yake ya vitenzi yana mwendo wake, sehemu kubwa ya kazi hii hufanywa na neno bado, lakini maana ni moja. Kwa Mbiti, jambo lisilotukia haliwezi kuwa sehemu ya wakati. Kwa mama yule wa ndagala, jambo lisilotukia ndilo linaloamua kama atakaa au ataondoka.

4. Saa ya jua na saa ya serikali

Tuache vitenzi, tutazame hesabu yenyewe. Kiswahili cha Kivu, kama cha pwani, huhesabu saa kuanzia mapambazuko: saa moja ya asubuhi ni saa ya kwanza ya mchana. Kirundi kimechukua hesabu hiyohiyo pamoja na neno lenyewe, hivyo isaha zibiri za asubuhi ni saa mbili. Kifaransa cha shule na ofisi huita wakati huo huit heures. Mkazi wa Uvira aliyesoma huishi na hesabu zote mbili, na hubadilisha moja kwa nyingine bila kutua, kama anavyobadilisha faranga za Kongo na za Burundi. Anayekosea na kutafsiri huit heures kwa "saa nane" atafika saa sita baada ya wenzake.

Hesabu ya kuanzia mapambazuko mara nyingi huelezwa kama masalio ya watu wasiokuwa na saa. Jiografia ya Uvira inatoa picha nyingine. Mji upo katika longitudo ya digrii 29 hivi mashariki, na latitudo ya kusini isiyofika digrii nne. Saa rasmi ya mashariki mwa Kongo inaitangulia saa ya Greenwich kwa saa mbili, na saa mbili ni sawa na digrii 30. Kwa hiyo saa ya serikali mjini Uvira inakubaliana na jua karibu kabisa: jua huwa utosini mnamo saa sita mchana, likitofautiana kwa dakika chache kufuatana na majira ya mwaka. Na kwa kuwa ikweta i karibu, tofauti baina ya mchana mrefu kuliko yote na mchana mfupi kuliko yote haifiki nusu saa. Mahali kama hapa, kuhesabu saa kutoka mapambazuko ni hesabu thabiti mwaka mzima. Huko Brussels, ambako mchana wa Juni ni karibu mara mbili ya mchana wa Desemba, hesabu hiyo isingefaa. Walioileta saa ya Ulaya walileta hesabu iliyofaa kwao. Hawakuwa na sababu ya kuona kwamba iliyokuwapo ilifaa hapa.

Kisha mtu apande meli bandarini Kalundu aende Kigoma. Ziwa ni lilelile na jua ni lilelile, lakini Tanzania inaitangulia Greenwich kwa saa tatu. Kigoma, jua huchomoza karibu na saa moja asubuhi, na hufika utosini mnamo saa saba. Msemaji wa Kiswahili wa Kigoma husema "saa moja" wakati jua ndiyo kwanza linatokeza. Wa Uvira husema "saa moja" likiwa limekwisha kupanda kwa saa nzima. Neno moja, lugha moja, na wote wawili wanaamini wanahesabu kutoka mapambazuko. Mpaka wa saa uliochorwa kwa ajili ya serikali umepita katikati ya ziwa na kulifanya neno la jua kuwa neno la serikali upande mmoja. Upande wa magharibi nako, Kinshasa iko nyuma ya Uvira kwa saa moja, na msikilizaji wa Uvira anayetajiwa saa ya Kinshasa redioni hana budi kuongeza moja kichwani. Dai la kwamba watu hawa hawana mazoea ya kuhesabu wakati lingeshangaza kokote, Uvira linachekesha.

5. Jumatatu ni siku ya ngapi?

Saa zina hesabu mbili; siku za juma zina tatu. Hapa ndipo historia ya ufukwe inapoonekana wazi zaidi.

Kiswahili cha pwani, kilicholetwa ziwani na misafara iliyopitia Ujiji, huhesabu kutoka siku ya sala. Ijumaa ikiisha, Jumamosi ni ya kwanza, na Jumatatu ni ya tatu. Wakati Burton na Speke walipofika Uvira mwezi Aprili 1858, njia hiyo ya biashara ilikuwa imekwisha kufunguliwa. Hata ndani ya hesabu hii mna tabaka mbili: baada ya Jumatano, yaani ya tano, huja Alhamisi, ambalo nalo ni neno la Kiarabu la "ya tano", kwa sababu Waarabu huanza kuhesabu Jumapili. Juma la Waswahili lina siku mbili za tano zinazofuatana, na hakuna mtu aliyewahi kuchelewa kwa ajili hiyo.

Kirundi huhesabu vingine. Baada ya siku ya Mungu, ku w'Imana, huja ku wa mbere, ya kwanza, nayo ni Jumatatu. Hii ni hesabu ya misheni. Mapadri Weupe walifika Ujiji mwaka 1879, na kutoka huko walienea kando ya ziwa pamoja na kengele zao.

Hesabu ya tatu imetoka kusini, Katanga, na haikuzaliwa msikitini wala kanisani. Kiswahili cha huko huita Jumatatu kazi moja, Jumanne kazi mbili, hadi kazi tano. Kisha huja siku ya posho, Jumamosi, siku mfanyakazi alipopewa chakula chake cha juma. Kilingala kimelichukua neno hilo na kwenda nalo mbali zaidi: poso ni Jumamosi, na pia ni juma lenyewe. Pasipokuwa na hotuba yoyote juu ya ukoloni, lugha imehifadhi kipimo chake. Siku saba zilikuwa umbali kutoka posho moja hadi nyingine. Mfanyabiashara wa Uvira mwenye shughuli Bujumbura na Kalemie husikia siku moja ikiitwa ya tatu, ya kwanza, na kazi moja, na huzielewa zote.

Mbiti aliandika kwamba Waafrika huhesabu wakati kwa ajili ya jambo fulani, si kwa ajili ya hesabu tupu. Katika hilo alikuwa sahihi, na mifano hii mitatu inamuunga mkono: sala, misa, posho. Kosa lake ni kudhani kwamba hilo ni la Waafrika. Juma la kazi la Katanga lilibuniwa na kampuni na serikali, kwa ajili ya jambo fulani kabisa. E. E. Evans-Pritchard, katika kitabu chake juu ya Wanuer (1940), alieleza siku iliyopimwa kwa kazi za ng'ombe. Siku iliyopimwa kwa mgawo wa unga ni ya aina hiyohiyo, ila aliyeshika kipimo si mchungaji.

6. Mwezi, mchikichi na ziwa

Turudi sasa kwenye upeo wa miaka miwili, na kwenye ule mlango wa maumbile.

Ndagala huvuliwa usiku kwa taa. Samaki huufuata mwanga, nao wavu huinuliwa chini yao. Mbalamwezi ikikolea, taa hupoteza nguvu, na kwa siku kadhaa kila mwezi mitumbwi mingi hupumzika. Sokoni ndagala hupungua na bei hupanda. Hivyo ufukwe una kalenda ya mwezi isiyotegemea dini yoyote. Mtetezi wa Mbiti atasema: haya ni maumbile, na maumbile tumekwisha kuyakubali. Na yakubaliwe. Lakini deni la wavu si maumbile. Mwenye mtumbwi anayekubali kulipa baada ya giza tatu anafanya mambo mawili kwa pamoja: anahesabu kwa mwezi, na anajifunga kwa jambo ambalo si lazima litukie. Ahadi ya namna hiyo haina mahali katika nadharia ya pande mbili. Si ya maumbile, wala haijatukia, na hata hivyo ni halisi kiasi cha kumfikisha mtu mbele ya wazee.

Mchikichi nao ni shahidi. Mti huu, ambao mawese yake yanapikiwa pande zote za kaskazini mwa ziwa, huanza kuzaa baada ya miaka mitatu au minne, na hutoa mazao kwa miongo. Anayepanda mchikichi anaupita upeo wa Mbiti siku ile ile anapochimba shimo. Mahari nayo katika jamii nyingi za Maziwa Makuu hulipwa kidogo kidogo kwa miaka, na wakati mwingine deni hurithiwa. Ikiwa njeo za kitenzi haziendi zaidi ya miaka miwili na mikataba ya ndoa inakwenda ishirini, basi kilicho kifupi ni kipimo cha mtafiti.

Kuhusu wakati uliopita, ni kweli kwamba watu wa Uvira hutaja miaka kwa matukio. Husikika "wakati wa Mulele" kwa maasi ya miaka ya 1964 na 1965, na "wakati wa vita" kwa mambo yaliyoanza Oktoba 1996. Lakini wasemaji haohao wanajua tarakimu za miaka hiyo, na huzitumia katika hati za shule na za kiwanja. Mzungu anayesema "kabla ya vita" hahesabiwi kuwa na dhana ya wakati isiyo na tarakimu.

Liko jambo moja ambalo upeo wa kumbukumbu kweli ulikuwa mfupi, na halipendezi. Ziwa Tanganyika hupanda na kushuka kwa vipindi virefu. Lilipanda sana mwanzoni mwa miaka ya 1960, likashuka, na nyumba zikasogea tena majini. Mwezi Aprili 2020 mafuriko ya Mto Mulongwe yaliua watu wengi mjini Uvira, na miaka iliyofuata ziwa lenyewe liliingia mitaani. Ni rahisi kusema: tazama, hawakufikiria mbele. Ila waliojenga chini si waliokosa dhana ya wakati. Wengi wao walifika mjini wakikimbia vita, na ardhi ya bei nafuu ilikuwa ile ambayo wazee waliikumbuka ikiwa chini ya maji. Waliojua hawakuwa na mamlaka ya kugawa viwanja, na waliogawa hawakuuliza. Kuliita hilo falsafa ya wakati ni kuwasamehe waliogawa.

7. Kagame na Fabian

Mbiti hakuwa peke yake katika njia hii. Alexis Kagame, mwanachuoni wa Rwanda, alikwishajaribu kutoa falsafa kutoka katika ngeli za Kinyarwanda, na katika mchango wake kwa kitabu cha UNESCO Les cultures et le temps (1975) alieleza kwamba kwa Wabantu mahali na wakati ni kundi moja la maana, hantu. Kiswahili kinaonyesha alichokiona: "alipofika" ni mahali na pia ni wakati, na "hapo" huanzisha hadithi kama inavyoonyesha kiti. Uchunguzi wa Kagame ni makini kuliko wa Mbiti, kwa kuwa alikuwa ndani ya lugha aliyoichambua. Hata hivyo, Wafaransa husema d'ici demain, "kutoka hapa hadi kesho", na hakuna aliyeandika kitabu kuonyesha kwamba Mfaransa hatofautishi njia na siku. Sarufi humpa msemaji vyombo; haimwambii atakachopika.

Aliyekaribia kiini cha tatizo ni Johannes Fabian, ambaye uzoefu wake wa Kiswahili cha Shaba ulimpa sikio ambalo wengi hawakuwa nalo. Katika Time and the Other (1983) alionyesha jinsi maandishi ya kianthropolojia yanavyomweka mtu anayechunguzwa katika wakati mwingine, ingawa mtafiti aliketi naye, wakala na kuzungumza siku moja, saa moja. Hoja hiyo haikulengwa kwa Mbiti, lakini inamfika. Sasa na Zamani za Mbiti zimemweka Mwafrika wa jadi mahali ambapo hawezi kuingia katika mazungumzo ya kesho isipokuwa kama mwanafunzi wa mwalimu aliyetoka nje. Na ni mwalimu huyo, mmisionari wa Ukambani, ambaye Mbiti alianza kwa kumkosoa.

Kinachobaki ni kazi. Tafsiri za Biblia zilizotumika kando ya ziwa, za Kirundi, Kiswahili cha Kongo na Kibembe, hazijalinganishwa kwa upande wa njeo kwa kiwango kinachostahili. Ndimo swali la kwanza la Mbiti linapoweza kupata jibu: mtafsiri alichagua kiambishi gani kwa "atakuja", cha leo au cha siku isiyojulikana, na waumini wa Uvira waliokisikia kiambishi hicho waliketi au walikunja vitambaa vyao?